UTI ya mpira wa mkojo tuiandike kwa jina lake?

Mzee alilazwa mkojo ukiwa umemziba kwa sababu ya tezi dume. Akawekewa mpira wa kutolea mkojo (katheta), akaambiwa asubiri zamu ya upasuaji. Nilipopita wodini kuchukua faili za wiki, nikamkuta anatetemeka kwa homa chini ya mablanketi mawili. Mpira ulishikizwa pajani kwa plasta, na juu ya plasta kulikuwa na tarehe ya kalamu iliyofutwa na jasho, ikabaki tarakimu moja tu. Ndani ya mrija mkojo ulikuwa na mashapo meupe. Binti yake ndiye aliyekuwa akiumwaga kwenye jerikeni lililokatwa. Kwenye faili, mahali pa ugonjwa, paliandikwa: UTI, yaani maambukizi ya njia ya mkojo.

Kazi yetu sisi wa kumbukumbu za afya ni kugeuza neno hilo kuwa msimbo. Katika ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, "UTI" peke yake ni N39.0, maambukizi ya njia ya mkojo ambayo hata mahali pake hapakutajwa. Daktari akiandika kwamba mpira ndio ulioleta maambukizi, msimbo ni T83.5, wa maambukizi yatokanayo na kifaa kilichowekwa kwenye njia ya mkojo. Unaongezewa Y84.6 kuonyesha kwamba kifaa hicho ni mpira, na maabara ikiotesha bakteria wa kwenye mkojo ikakuta E. coli, unafuata B96.2. Tofauti hii ni kubwa kuliko inavyoonekana kwenye karatasi. N39.0 inasema mzee aliugua. T83.5 inasema aliugua kwa kitu tulichomwekea sisi.

Nilimuuliza sista wa wodi kama naweza kupendekeza T83.5 kwa daktari. Akanivuta pembeni. "Mdogo wangu, ukiandika hivyo watasema sisi ndio tuliomwambukiza mzee. Usiku niko peke yangu na vitanda arobaini."

Hoja yake ni nzito, na sikubaliani na wanaoiita uvivu. Hakuna aliyempa glavu za kutosha, hakuna aliyempa mtu wa pili wa kumsaidia usiku, kisha msimbo uje umwonyeshe kidole? Iko pia hoja ya kitabibu. Mpira ukikaa siku nyingi, mkojo hupata bakteria hata kama mgonjwa hana homa wala maumivu, na hiyo si UTI ya kutibiwa. Homa yenyewe inaweza kuwa malaria au nimonia. Pale ambapo mkojo hauoteshwi, T83.5 inaweza kuwa kubahatisha kulikovalishwa tarakimu. Ndiyo maana kanuni za kuweka misimbo zinataka daktari mwenyewe aandike uhusiano wa kifaa na ugonjwa. Karani haruhusiwi kuukisia, hata kama mpira anauona kwa macho yake.

Marekani wamefika mbali zaidi. Tangu Oktoba 2016 jedwali lao limeigawa T83.5 vipande vipande: T83.511 ni mpira wa kupitia njia ya kawaida ya mkojo, T83.510 wa kupitia tumboni, T83.512 wa kwenye figo, T83.592 ni stenti, mrija mwembamba wa ndani, ya kati ya figo na kibofu. Kabla ya hapo, Oktoba 2008, bima yao ya serikali, Medicare, ilikuwa imeshaacha kulipa nyongeza kwa UTI ya mpira iliyopatikana hospitalini. Baadaye watafiti wakagundua kwamba UTI hizo hazionekani sana kwenye madai ya malipo, ilhali wodini zipo. Msimbo ukiwa faini, watu huukwepa. Hapa Uganda, ambako Bunge lilipitisha muswada wa bima ya afya ya taifa mwaka 2021 na Rais hakuutia saini, bado tuna nafasi ya kuamua mapema kwamba msimbo huu usiwe fimbo.

Hata hivyo, kuunyamazia siwezi. Taarifa zetu za kila mwezi, HMIS 105 ya wagonjwa wa nje na HMIS 108 ya waliolazwa, huingia DHIS2, mfumo wa kompyuta wa takwimu za afya tunaoutumia nchi nzima tangu 2012. UTI ya mpira ikiingia humo kama UTI tu, inachanganyika na ya mama mjamzito na ya msichana wa shule. Dawa zao si lazima zifanane. Bakteria waliojenga utando ndani ya mpira hawafikiwi vizuri na dawa, na mara nyingi tiba huanza kwa kuutoa mpira au kuubadilisha. Mzee wangu alipewa sindano za antibiotiki ya ceftriaxone siku tano, na mpira uleule ukabaki palepale.

Nawafikiria pia akina mama walioshonwa fistula, tundu la kibofu linaloletwa na uzazi mgumu, hospitali kama Kitovu kule Masaka na nyinginezo, ambao lazima wakae na mpira siku nyingi ili kidonda kipone. Kwao kuutoa mapema si chaguo. Na hatari ya kuambukizwa hupanda kwa takriban asilimia 3 hadi 7 kila siku mpira ukiwa ndani. Bila siku hizo kuhesabiwa, hatutajua wodi ipi inawatunza vizuri.

Msimamo wangu basi ni T83.5 yenyewe, bila vipande vya Wamarekani, na itumike pale tu faili linapoonyesha mambo matatu: tarehe ya kuwekwa mpira, dalili za mgonjwa, na sentensi ya daktari. Hesabu iende kwa kamati ya hospitali ya kudhibiti maambukizi, jina la muuguzi lisiwemo. Tarehe iandikwe kwenye faili, maana plasta hufutika.

Nilimrudia sista na pendekezo hilo. Alisoma mambo yale matatu, akanyamaza kidogo, kisha akaniuliza nani atamletea fomu zenye nafasi ya tarehe. Nikachukua rula na daftari jipya la wodi, nikaanza kuchora safu.