Shughuli za Kila Siku Hazikuja Kumfuta Marehemu
Waliokuja kutoa pole wakishatawanyika na simu zikapungua, mfiwa huachiwa siku ndefu isiyo na mpangilio, na hapo ndipo anapoambiwa ajishughulishe ili asahau. Ushauri huo hutolewa kwa nia njema, lakini naona sehemu yake ya mwisho ingeachwa, kwa sababu faida ya shughuli za kila siku kwa aliyefiwa ipo, ila si kusahau.

Majonzi hukaa mwilini pia. Usingizi hukatika, chakula hakipiti, na mtu husoma ujumbe mmoja mara tatu bila kujua unasema nini. Katika hali hiyo kuamka saa ileile, kuoga na kutandika kitanda ni mambo ambayo mwili huyafanya kwa mazoea, bila kumdai mtu uamuzi ambao kwa wakati huo hana nguvu nao. Ningeanza na saa ya kuamka, maana ikishatulia, usingizi nao huanza kurudi.

Mwaka 1999 watafiti Margaret Stroebe na Henk Schut walieleza kwamba mfiwa huenda na kurudi kati ya kuukabili msiba wenyewe na kuyashughulikia maisha yaliyobadilika, na kwamba anahitaji kupumzika kutoka pande zote mbili. Maelezo hayo yananiridhisha kuliko zile hatua tano maarufu za majonzi (kukana, hasira, kujadiliana, huzuni nzito na kukubali) alizozieleza daktari Elisabeth Kübler-Ross mwaka 1969, ambazo kwanza zilitokana na mazungumzo na wagonjwa waliokuwa wakikaribia kufa, wala si na wafiwa.

Pagumu zaidi ni kwenye mazoea yaliyokuwa ya watu wawili. Mkono hutoa vikombe viwili kabatini kabla akili haijakumbuka. Saa ya kupiga simu jioni hufika, na wa kupigiwa hayupo. Wengine huliendeleza zoea lilelile wakalifanya wasaa wa kumkumbuka marehemu, wengine hubadilisha njia ya matembezi au kiti cha kukalia, na sioni aliyemsaliti mwenzake katika hao. Ninachokipinga ni kumharakisha mtu achague.

Hata hivyo, ratiba inaweza kugeuka maficho, hasa kwa anayejaza kazi hadi usiku ili asibaki peke yake na mawazo. Tangu mwaka 2022, orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani inayotumika inatambua majonzi makali yanayozidi miezi 6, yakapita kiasi kinachotarajiwa katika jamii ya mfiwa na kumzuia kuendesha maisha yake, kuwa hali inayohitaji tiba. Aliyefika hapo asiongezewe shughuli. Apelekwe kwa mtaalamu.