Kamishna wa mahakama naye aulizwe maswali

Kamishna, mtu aliyetumwa na mahakama kuchunguza eneo linalogombewa, anafika shambani saa nne asubuhi. Mdai yupo na wakili wake. Mdaiwa hayupo, taarifa haikumfikia. Mdai anafunua majani, anaonyesha kigingi: "Mpaka unaanzia hapa." Futi kamba inavutwa kuanzia pale. Vipimo vinavyofuata ni sahihi hadi sentimita, ila vimeanzia pasipostahili.

Ripoti hiyo ikifika mahakamani ina sahihi, ina mchoro, ina kurasa za tarakimu. Hakimu aliyezungukwa na mafaili hushawishika kuipokea kama ilivyo, na hapo mtu anapoteza ardhi kabla hajasikilizwa. Jambo hili linaniuma.

Sheria haikukusudia hivyo. Chukua Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya India ya mwaka 1908, Amri ya 26. Kanuni ya 9 inaruhusu mahakama kumtuma mtu akachunguze eneo, au akadirie thamani ya mali na kiasi cha hasara. Kanuni ya 10 inasema ripoti yake ni ushahidi katika shauri. Kama ushahidi mwingine wowote, hupimwa: mahakama inaweza kumwita kamishna na kumhoji, au kuruhusu mhusika wa kesi amhoji, na isiporidhika huagiza uchunguzi zaidi.

Hilo neno "kuruhusu" ndilo ninalolipinga. Mwenye sababu za msingi za kuikataa ripoti asiombe ruhusa. Iwe haki yake.

Wapo watakaosema kesi zitachelewa. Wengine watataja shauri la Bandhua Mukti Morcha, ambapo Mahakama ya Juu ya India iliwatuma makamishna kwenye machimbo ya mawe ya Faridabad kuangalia hali ya vibarua waliosemekana kutumikishwa. Wapinzani walilalamika kwamba ripoti hazikupitia maswali ya dodoso, yaani walioziandika hawakuhojiwa na upande wa pili. Mahakama, mwaka 1983, ilizipokea kama ushahidi wa awali. Ilisema anayepinga apewe nakala na ajibu kwa kiapo. Nami naiunga mkono kwa moyo wote, maana kibarua wa machimboni angeutoa wapi uwezo wa kukusanya ushahidi? Lakini majirani wawili wanaogombea mpaka hawako katika hali hiyo. Kila mmoja ana mashahidi wake, na kamishna ni shahidi mmoja zaidi. (Na asigeuzwe mtumishi wa kumtafutia ushahidi mdai mvivu.)

Makamishna nao wana kazi yao. Alichokiona mtu kwa macho yake kikae mbali na alichoambiwa, na maoni yake yakae mbali na vyote viwili. Nimesoma ripoti zinazochanganya haya matatu katika aya moja, hata huwezi kujua nani anasema.

Yule wa shambani angeandika tu, "Kigingi nilionyeshwa na mdai; mdaiwa hakuwepo," hakimu angejua pa kuanzia kuuliza.