Arudishwe Kwanza, Kesi Baadaye

Mwenye nyumba akibadilisha kufuli mpangaji akiwa kazini, majirani huuliza kama kodi ilikuwa imelipwa. Kwangu mimi swali hilo bado halijafika zamu yake. Warumi walikuwa na amri iliyoitwa unde vi: aliyetolewa kwa nguvu kwenye shamba au nyumba arudishwe alipokuwa, ndipo watu wabishane mali ni ya nani.

Yapata mwaka 69 KK, Cicero, wakili maarufu wa Roma, alimtetea Caecina, aliyedai shamba karibu na mji wa Tarquinii, Italia, kwa urithi wa mkewe. Alipokwenda huko alimkuta mpinzani wake Aebutius na watu wenye silaha. Aebutius akamwita mtumwa wake Antiochus, akamwamuru kwa sauti kubwa amuue yeyote atakayevuka safu ile ya mizeituni. Caecina akageuza. Mahakamani Aebutius akajitetea kwamba hakumfukuza mtu, kwa kuwa Caecina hakuwahi kuingia. Cicero akasema aliyezuiwa kwa silaha na aliyetolewa kwa silaha wametendewa dhuluma ile ile, nami naafiki kabisa. Vinginevyo kila mnyang'anyi atajifunza kuwahi getini.

Na ikiwa silaha zimetumika, Aebutius wa namna hiyo hakusikilizwa hata akisema mwenzake naye aliipata ardhi kwa hila. Hapo ndipo watu wengi hukasirika: yaani hata mwizi arudishiwe? Ndiyo, arudishiwe. Ukianza kupima haki ya kila mmoja, kesi itachukua miaka, na miaka yote hiyo aliyevunja mlango ndiye anayelala ndani. Asiye na karatasi wala wakili ndiye atakayekuwa nje na masufuria yake.

Afrika Kusini wamelirithi jambo hili kupitia sheria ya Kirumi na Kiholanzi, wakaliita mandament van spolie. Mwaka 1906, katika kesi ya Nino Bonino dhidi ya De Lange, mkataba wenyewe ulimruhusu mwenye mali kujitwalia sehemu aliyopangisha masharti yakivunjwa. Jaji Mkuu Innes wa Transvaal alikataa: hakuna ruhusa ya kujichukulia sheria mkononi, hata kama mpangaji alitia saini. Maombi ya aina hii huko husikilizwa kwa dharura, kwa viapo vya maandishi. Hiyo dharura ndiyo ninayoitaka kwa kila mpangaji aliyefungiwa mlango, kwa sababu usiku wa kwanza tu nje unatosha kumfanya akubali sharti lolote.