Dirisha Langu na Mlango wa Nyuma wa Watu

Mwaka 2006 nilikuwa naketi kwenye saiba moja pale Mwembe Tayari. Kazi yangu ilikuwa kila kitu: kufungulia watu mashine, kuhesabu dakika, kuchapa barua za kuomba kazi, kutoa kopi, na kumtuliza kila mteja kwamba barua pepe yake itafunguka, awe na subira. Intaneti ya wakati ule ilikuwa ya dua. Kebo za chini ya bahari hazijafika bado Mombasa, zilikuja 2009, basi ukurasa mmoja ukiuomba saa tisa, ukiuona saa tisa na robo wamshukuru Mungu. Kilicholipa kodi ya duka hasa ni Counter-Strike 1.6, gemu ya bunduki, timu kwa timu. Ile haikutaka intaneti, yataka waya tu kutoka mashine hadi mashine, na vijana wa Majengo wakitoka shule viti vyote vinajaa mpaka magharibi.

Nami si mtume. Nilicheza.

Shida ilikuwa tajiri, mwenye duka. Gemu ikijaza skrini nzima, ukitaka kutoka haraka urudi kwenye kazi, zile skrini za kisogo zilikuwa na tabia ya kukutoboa siri: picha yazimika, giza, halafu ndani ya tumbo la skrini kunalia *tak!*, kisha picha yarudi ikitetemeka kama mtu aliyeamshwa usiku. Sekunde tatu nzima. Tajiri aliujua mlio ule kuliko adhana. Yuko chini kwenye ngazi, husikia *tak*, na kabla hajatia mguu ndani ashauliza, "Hiyo ilikuwa kazi au bunduki?"

Aliyeniokoa, au tuseme aliyenitia mashakani, ni kijana mmoja mteja wa mashine namba 6. Hana maneno mengi, lakini kwa kulenga shabaha alikuwa balaa. Akanionyesha: bofya ikoni kwa kitufe cha kulia, ingia kwenye sifa zake, nenda mwisho kabisa wa ule mstari mrefu, acha nafasi moja, andika *-window*. Nafasi usiisahau. Nikafungua gemu, na badala ya kumeza skrini ikakaa ndani ya dirisha lake kwa adabu, ina kichwa cha buluu na kijiti cha kufungia kama programu yoyote ya halali.

Jamani, raha. Skrini yangu ilikuwa 1024 kwa 768. Gemu nikaipa 640 kwa 480, nikaisukuma kulia. Kushoto kukabaki ukanda mwembamba, nikapachika Word na kazi za watu. Chini yake programu ya kuhesabia muda, nione nani wa kuongezwa na nani anajifanya hajui. Tajiri akipanda ngazi, nabofya mara moja tu, gemu yazama chini, hakuna *tak*, hakuna giza. Siku ya tatu aliniambia, "Naona umeacha upuuzi." Nikamwambia, "Alhamdulillahi."

Kasoro ya dirisha sikuifikiria. Gemu ikijaza skrini, wewe na yeye mko chumba kimoja na mlango umefungwa. Ikiwa kwenye dirisha, mko uani pamoja na majirani, na kibodi haijui macho yako yanatazama nini. Yenyewe humfuata aliyebofywa mwisho. Macho yaweza kuwa vitani, vidole viko harusini.

Harusi yenyewe ilikuja Jumatatu, mikononi mwa mama mmoja wa Kibokoni, shangazi wa bi harusi. Alitaka kadi 150 za kualika wanawake kwenye kupamba. Tulikaa naye saa nzima. Alichagua yale maandishi ya kujikunja kama mkia wa kinyonga, ambayo kusoma kwake ni mtihani, akahakikisha majina, akahakikisha Ijumaa baada ya Isha, akahakikisha nyumba. Chini kabisa akataka uwekwe mstari wa adabu: *Tafadhali watoto tuwaache nyumbani.* Akasoma kadi mara mbili, kidole juu ya kioo, akasema, "Hapo sawa, mwanangu. Usiguse tena. Mimi nateremka Biashara Street kutazama leso, nikirudi nizikute."

Usiguse tena. Alisema kwa mdomo wake.

Karatasi ngumu zilikuwa hazijaletwa, basi nikaona niingie raundi moja. Tulikuwa kwenye ramani ya ghala, cs_assault. Mateka wamefungiwa ndani, nasi ndio polisi wa kuwatoa. Kuna mlango mkubwa wa mbele, kuna mlango wa nyuma, kuna tundu la hewa huko juu ya paa. Raundi tatu mfululizo wenzangu walijipeleka mbele kama mbuzi wa Idi, na raundi tatu kijana wa mashine namba 6 alikuwa amejibanza ndani akiwapokea mmoja mmoja. Mwanzo wa raundi kuna sekunde chache ambazo hakuna anayeweza kutembea, ni za kununua silaha na kupanga mashauri. Nikanunua. Kisha kidole kilichotafuta kitufe cha Ctrl, cha kuchutama, kikateleza kwa jirani yake, kile kitufe chenye kibendera. Menyu ikachomoza kutoka chini. Nikabofya pembeni ili ijifiche.

Pembeni, ndugu zangu, ilikuwa kadi.

Sikujua. Gemu mbele ya macho yangu iko hai, wenzangu nawaona wamesimama, bunduki yangu naiona. Sitembei, ndio, lakini hakuna anayetembea. Nikabonyeza U, ambayo hufungua ujumbe wa timu, nikaandika kwa kasi: *wote mlango wa nyuma mbele wanatungoja.* Enter. Raundi ikaanza. Nikashika W niende. Siendi. Nikaikandamiza. Siendi. Wenzangu hao, wote mlango wa mbele, kama kwamba sikusema neno. Nikageuza jicho kushoto, naona mkufu wa *wwwwwwwwwww* unakua chini ya kadi. Moyo ukaniruka! Nikazifuta zote, moja moja, hadi mstari ukawa mtupu, nikajiona mjanja kupindukia. Mstari wa juu yake sikuutazama. Na hata kama jicho lilipita, ulikuwa ushavaa mkia wa kinyonga kama mistari mingine, na Word kwa hisani yake ilikuwa imeutilia herufi kubwa mwanzoni.

Nyuma yangu kijana wa mashine namba 4 akafoka, "Mbona hukutwambia kitu?" Nikamwambia, "Nimeandika, nyinyi hamsomi!"

Karatasi zikaja. Nikachapa 150.

Sasa, kupamba ni shughuli ya wanawake, mwanamume hana njia. Yote ya Ijumaa niliyapata kwa mama yangu, na sitaacha kumwambia Mungu ahsante kwamba sikuwepo. Kadi ilimfikia Jumatano. Nilikuwa nala mahamri pale barazani, naye miwani puani, asoma kwa sauti kama asomavyo kila karatasi inayoingia nyumbani, hata ya sabuni.

"*Tafadhali watoto tuwaache nyumbani.* Vizuri. *Uwote mlango wa nyuma mbele wanatungoja.*" Akanyamaza. Akasoma tena. "Uwote ni nini?"

Hamri lilikwama. Ile U! Kitufe cha kufungulia ujumbe kilikuwa kimegeuka herufi, kikajishona kwenye neno. Nyanya aliyekuwa kitandani akasema bila kufumbua macho kwamba hicho ni Kimvita cha kale, watu wa siku hizi hawakijui. Mama akaridhika. Kilichomtia wasiwasi si *uwote*, ni *wanatungoja*.

"Nani watungoja?"

Nikasema sijui. Kwa kweli hapo ningeweza kusema. Ilikuwa Jumatano, kulikuwa na siku mbili za kurekebisha. Badala yake nikaomba chai.

Kufika Alhamisi, mji wa Mombasa ulikuwa ushajijibu wenyewe. Bwana harusi ana mke mkubwa, tena wa siri, na siku ya kupamba atakuja kuketi kwenye mlango wa mbele na ndugu zake sita kutoka Likoni. Watu wa bi harusi wamepata habari, ni waungwana, hawataki kelele, ndio maana wameandika kwa fumbo. Mama alirudi na habari hiyo kutoka kwa wanawake watatu tofauti, na kila mmoja aliongeza ndugu wawili. Mtu aliyekuwa hana nia ya kwenda sasa alikuwa ashafua buibui.

Ijumaa baada ya Isha, mbele ya nyumba ile ya Kibokoni zilisimama mbeko: mazulia, taa za rangi, vyetezo vya udi, visahani vya asumini, na wapokezi wanane kwa sare ya kijani, wakitabasamu. Hakuja mtu. Wakangoja. Hakuja mtu. Nyuma, kwenye kichochoro kisichopitisha punda mwenye mzigo, wanawake mia na zaidi walikuwa wamepanga foleni kando ya masufuria ya pilau, viatu virefu juu ya maganda ya vitunguu, wakipenya mmoja mmoja kwenye mlango wa jikoni huku wapishi wakiwapigia kelele, "Mama, moto! Mama, moto!" Bibi mmoja mnene alikwama mlangoni, akasukumwa na wa nyuma, akavutwa na wa ndani. Mama yangu alitoka nyumbani ananukia udi, akarudi ananukia bizari na mkaa.

"Na huyo mke mkubwa?" nikauliza, kwa heshima.

"Hakuja," alisema mama, na ilikuwa wazi kwamba hilo ndilo lililomuudhi.

Jumamosi asubuhi shangazi akapanda ngazi za saiba. Mkononi ana kadi. Tajiri yuko, vijana wako, mimi dirisha langu liko wazi upande wa kulia na sikuwahi kulizamisha.

"Mwanangu," alisema taratibu, na ile taratibu ndiyo iliyonitisha, "hili neno la hapa chini nimelisema mimi?"

Siku zile kulikuwa na jibu moja la saiba zote. "Virusi, shangazi."

"Virusi?"

"Vimeingia mjini. Vinaandika vyenyewe."

Ashaanza kutikisa kichwa kwa huruma. Wallahi alikuwa karibu kunipa pole. Mara nyuma yangu kijana wa mashine namba 4, ambaye alikuwa amenyoosha shingo kusoma kadi, akapiga paja lake.

"Aa! Kumbe uliandika kweli! Ndo maana hatukuona! Ile raundi ya ghala!"

Kimya. Tajiri akainama, akatazama skrini yangu kuanzia kushoto, kadi, muda, hadi kulia, ambako askari wangu alikuwa amesimama peke yake na bunduki yake, akinitazamia. Hakusema kitu. Alivuta kiti akaketi, kama mtu aliyelipia tikiti.

Shangazi naye alisogea. Alieleweshwa na namba 4, kwa mikono na miguu: hapa ghala, hapa mateka, huku mbele, huku nyuma. Alisikiliza hadi mwisho, kadi imebanwa kwapani. Nikawa natafuta maneno ya kuomba radhi, na hesabu ya kadi 150 nikiirudisha kwenye mshahara wangu kichwani.

"Hebu n'kuulize," akasema. "Watu wangu nimewalaza macho siku mbili. Bwana harusi kaapishwa na mama yake kwa msahafu. Sasa nambie ukweli. Huko mbele, mlikuwa mwangojwa na nani?"

Kwenye mashine namba 6, polepole, mkono ukainuka.