Chakula cha haraka: kitu tunachonunua ni muda

Mjadala wa vyakula vya haraka na vya viwandani karibu kila siku unapita njia ile ile, upande mmoja unasema ni sumu na wanaokula hawana nidhamu, upande mwingine unasema mwacheni mtu ale anachotaka kwa hela yake, basi wanabishana hapo hapo mpaka wanachoka. Mi naona wote wanaruka swali lenyewe, yaani kwa nini mtu mwenye akili zake timamu, anayejua kabisa kwamba kisukari na presha vipo na pengine ameshaviona nyumbani kwao, bado jioni akitoka kazini anapanga foleni ya baga na chipsi? Ladha ipo, matangazo yapo, ila kabla ya yote huyu mtu amechoka na hana muda. Ukilikubali hilo hesabu nzima ya faida na hasara inabadilika.

Tuanze na walioujenga mfumo wenyewe. Mwaka 1948 ndugu wawili, Richard na Maurice McDonald, walifunga mgahawa wao wa San Bernardino, California, na ulikuwa unaingiza hela vizuri tu, halafu wakaufungua upya kivingine kabisa. Menyu ilikuwa ndefu wakaikata vikabaki vitu tisa, wahudumu waliokuwa wanapeleka chakula kwenye magari wakaondolewa, sahani na vijiko navyo vikaondoka, kila kitu kwenye karatasi unakula unatupa, na baga ikauzwa senti 15. Kazi ya upishi nayo wakaigawa vipande vipande, huyu ni kuchoma nyama tu, huyu viazi tu, huyu kufunga tu. Baadaye walipotaka kujenga jengo jipya walichora jiko zima kwa chaki kwenye uwanja wa tenisi, wafanyakazi wakapita humo kama vile wanapika, ili ionekane nani anapishana na nani na hatua zipi zinaweza kupunguzwa. Hakuna pishi jipya hata moja hapo. Walichogundua ni jinsi ya kuokoa sekunde, na ndo mfanyabiashara Ray Kroc alichokiona alipofika kule 1954, mwaka uliofuata akafungua tawi lake Des Plaines, Illinois, na 1961 akawanunua kabisa kwa dola milioni 2.7. Mfumo wa chaki ndo huo umezunguka dunia nzima, na makampuni mengine chungu nzima yameuiga.

Sasa nianze na utetezi, na ninautetea kwa moyo mmoja kwa sababu watu wengi wanaudharau bila kuufikiria. Kabla viwanda havijaingia kwenye chakula kupika ilikuwa kazi ya kutwa nzima, kuchambua, kutwanga, kutafuta kuni na maji, kukaa motoni, kuosha vyombo, halafu unaanza tena, na kutwa hiyo karibu kila mahali ilikuwa ya mwanamke. Kila unga uliosagwa tayari, kila kopo, kila chakula ambacho unafungua tu unakula, umemrudishia mtu fulani masaa yake, na mara nyingi huyo mtu ni mama au binti ambaye vinginevyo asingeenda shule wala kazini. Kwa hiyo anayesema turudi kupika kila kitu wenyewe kama zamani, kwanza aseme nani atapika. Mara nyingi anayelisema hilo siye atakayeshika mwiko.

Kuna usalama pia. Nicolas Appert alilipwa faranga 12,000 na serikali ya Ufaransa mwaka 1810 kwa mbinu yake ya kufunga chakula kwenye chupa na kuichemsha kisioze, na kutoka hapo chakula kikaweza kuvuka msimu mbaya bila kuua watu. Uswisi ilianza kuweka madini ya joto kwenye chumvi mwaka 1922, jimbo la Michigan kule Marekani likafuata 1924, na uvimbe wa goita ukapungua sana. Hicho nacho ni chakula cha viwandani. Anayetupa kila kilichopita kiwandani kwenye kapu moja la uchafu anatupa na vitu vilivyookoa watoto.

Upande wa ajira mambo yamechanganyika. Ni kweli migahawa hii imewapa vijana wengi mshahara wao wa kwanza bila kuwauliza cheti wala uzoefu, na hilo sio jambo dogo kwa kijana aliyezunguka na bahasha miezi. Ila kile kile kinachofungua mlango ndo kinachobana mshahara, maana kazi iliyokatwa vipande unaifundisha kwa siku chache, na anayefundishwa kwa siku chache anabadilishwa kwa siku chache, atadai nini? Novemba 2012 wafanyakazi wa migahawa hii New York waligoma wakitaka dola 15 kwa saa, vuguvugu likasambaa, na Aprili 2024 California ikaweka kima cha chini cha dola 20 kwa wafanyakazi wa makampuni makubwa ya chakula cha haraka. Wenye biashara walisema ajira zitakufa, vyama vya wafanyakazi vikasema hapana, na wachumi waliopima matokeo wamepishana. Mimi nasimama na wafanyakazi kwenye hili, chakula kinachokuwa rahisi kwa sababu anayekipika hawezi kulipa kodi ya nyumba, urahisi wake umetoka mfukoni mwa mtu.

Tuje kwenye afya, na hapa nataka tukae kidogo. Mwaka 2009 Carlos Monteiro wa Chuo Kikuu cha São Paulo, Brazil, alipendekeza tuache kuangalia mafuta na sukari peke yake, tuangalie chakula kimesindikwa kiasi gani, na kundi la mwisho kwenye mpango wake ndo vile vilivyosindikwa kupita kiasi, soda, vitafunwa vya pakiti, soseji, vyakula vya kupasha tu. Wakosoaji walisema hilo kundi ni pana mno, soda inakaa sehemu moja na mkate wa pakiti wa ngano nzima, na kusema kweli hoja yao ina uzito. Halafu 2019 Kevin Hall na wenzake wa taasisi ya taifa ya afya ya Marekani wakafanya kitu ambacho wengi hawakuwa wamekifanya, wakawaweka watu 20 ndani ya hospitali mwezi mzima, wiki mbili wanapewa vyakula vilivyosindikwa kupita kiasi, wiki mbili vile ambavyo havijasindikwa, huku milo inayowekwa mezani ikilingana kwa kalori, sukari, mafuta, chumvi na nyuzinyuzi, na kila mtu anaambiwa kula kiasi unachotaka. Kwenye wiki za vilivyosindikwa walikula kama kalori 500 zaidi kwa siku, wakala haraka zaidi, wakaongezeka karibu kilo moja. Wiki zile nyingine wakapungua karibu kiasi hicho hicho. Ni watu hao hao! Nidhamu yao haikubadilika kutoka wiki ya pili kwenda ya tatu, kilichobadilika ni sahani.

Sawa, watu 20 ni wachache na mwezi mmoja ni mfupi, hilo tulikubali. Lakini kwenye utafiti huo huo kuna namba nyingine ambayo haisemwi sana: viungo vya milo ya vilivyosindikwa vilikadiriwa kugharimu dola 106 kwa wiki na vya ile mingine dola 151, kwa mtu wa kalori 2,000 kwa siku. Na hapo ni viungo tu, muda wa kuvipika haumo. Sasa mchukue mtu mwenye kazi mbili na watoto watatu umwambie ale vizuri, unamwambia atoe karibu nusu zaidi ya hela halafu aongeze na masaa ambayo hana. Mashirika ya Umoja wa Mataifa yalikadiria mwaka 2022 kulikuwa na watu zaidi ya bilioni 2.8 duniani wasioweza kumudu mlo kamili wenye afya. Hao huwezi kuwahubiria nidhamu.

Wapo waliodhani tatizo ni umbali, kwamba mitaa ya maskini haina supamaketi zenye mboga na matunda, basi tuwapelekee. Wachumi wa Marekani walipopima hilo, utafiti ukatoka 2019, walikuta kwamba hata ukiwapa maskini maduka yale yale yenye bidhaa zile zile kwa bei zile zile, pengo la ubora wa chakula kati yao na matajiri linapungua kwa kama asilimia 10 tu. Wengine wakaisoma kama uthibitisho kwamba maskini wanapenda vibaya. Mi naisoma kivingine, duka limesogea ila jioni ya huyu mtu haijarefuka hata dakika moja, na mboga mbichi ni kazi ambayo bado haijafanywa.

Gharama zenyewe lakini zipo, na zinafika kwa kuchelewa. WHO inasema mwaka 2022 watu wazima bilioni 2.5 walikuwa na uzito uliozidi, na milioni 890 kati yao walikuwa na unene wa kupindukia. Mwaka 2025 UNICEF ikatoa ripoti kwamba kwa mara ya kwanza watoto wa umri wa shule na vijana wenye unene wa kupindukia wamewapita wale wenye uzito pungufu. Sio mlo peke yake unaoleta hayo, kukaa sana kupo na mengine yapo, ila mlo upo mbele kabisa. Na kisukari kikiingia kwenye nyumba kinakuja na ratiba yake, kliniki, vipimo, kidonda cha mguu kisichopona, macho, na wengine mashine ya figo mara tatu kwa wiki, masaa manne manne. Anayemsindikiza mgonjwa ni nani? Mara nyingi ni mwanamke yule yule aliyeokolewa jikoni. Masaa aliyoyapata anayarudisha kwenye benchi la hospitali, na kampuni iliyomuuzia haikatwi hata senti kwenye hesabu hiyo. Wachumi wanajua kabisa jambo la namna hii, faida inabaki kwa muuzaji na hasara inasukumwa kwa jamii.

Ndo maana ile hoja ya mtu ajichagulie mwenyewe siikubali yote. Uchaguzi upo, ila umechezewa. Philip Morris, kampuni ya sigara, ilinunua General Foods mwaka 1985 na Kraft 1988, kwa hiyo kwa miaka mingi watu waliokuwa wanauza tumbaku ndo hao hao walimiliki chakula kwenye makabati ya watu. Na mwaka 2016 ikawekwa wazi kwa nyaraka kwamba miaka ya 60 chama cha wafanyabiashara wa sukari Marekani kililipa watafiti wa Harvard waandike mapitio yaliyoisukumia mafuta lawama ya ugonjwa wa moyo na kuisaidia sukari ipite kimya kimya. Mtu anachagua vipi kwa uhuru kwenye taarifa iliyonunuliwa?

Serikali zimejaribu na matokeo ni mchanganyiko. Mexico iliweka kodi ya peso moja kwa lita ya vinywaji vya sukari Januari 2014, manunuzi yakashuka kama asilimia 6 mwaka wa kwanza. Wanaopinga wanasema kodi hii inamkamua maskini, na ni kweli kwa hela inayotoka leo, ila kisukari nacho kinamkamua maskini zaidi. Denmark ilitoza kodi ya mafuta mwaka 2011, watu wakavuka mpaka kununua Ujerumani, na kabla 2013 haijaanza vizuri ikafutwa. Samoa ilipiga marufuku mikia ya bata mzinga, nyama yenye mafuta mengi, kutoka nje mwaka 2007 kwa ajili ya afya za watu wake, ikaja kulazimika kuiondoa marufuku ili iingie shirika la biashara la dunia. Iliyonivutia kuliko zote ni Uingereza, Aprili 2018 ikaweka tozo inayopanda kulingana na sukari iliyomo, na viwanda vingi vikapunguza sukari hata kabla siku haijafika. Mlaji hakuombwa kitu wala kuongezewa kazi, mzigo ulienda kwa mwenye uwezo wa kuubeba.

Carlo Petrini wa Italia naye alipinga McDonald's kufunguliwa Piazza di Spagna, Roma, mwaka 1986, na kutoka hapo ikazaliwa Slow Food, harakati ya kula polepole na kulinda vyakula vya asili. Naiheshimu sana, wakulima wadogo wamepata mtetezi. Ila polepole inahitaji muda, na muda ndo unaokosekana, kwa hiyo bila kitu kingine inabaki ya wenye nafasi.

Hicho kitu kingine mi naona ni kupika kwa pamoja kwa hela ya umma, ambako kunaokoa muda ule ule bila kisukari. Finland inalisha wanafunzi wake bure tangu 1948. Uingereza wakati wa vita ilikuwa na migahawa ya umma zaidi ya elfu mbili, Poland kuna zile za bei nafuu zenye ruzuku ya serikali mpaka leo, na Belo Horizonte, Brazil, wana migahawa ya wananchi tangu miaka ya 90. Pingamizi najua, hela itatoka wapi, na jiko la serikali likishikwa na mzabuni mjanja litajaa soseji na juisi za unga, tena kwa kodi yetu. Pingamizi la pili ndo linanitisha zaidi na Brazil wamelijibu kwa sheria, kuanzia 2009 angalau asilimia 30 ya hela ya taifa ya chakula cha shule ilikuwa lazima inunue kwa wakulima wa familia, kiwango kilichopandishwa mpaka 45 kuanzia 2026, na mwaka 2025 kiwango cha juu cha vyakula vilivyosindikwa kikashushwa kutoka asilimia 20 mpaka 15, kwenda 10 mwaka 2026. Ugomvi wa kweli uko humo kwenye mikataba ya zabuni, na wanaotetea afya wakiuacha uwanja huo watakaokaa mezani ni wauzaji peke yao.