Nyongeza baada ya risiti: mzigo wa kiwanja ni wa nani?

Mama mmoja anayeuza dagaa Mwaloni, Kirumba, jijini Mwanza, alinifungulia mfuko wa nailoni uliokunjwa mara tatu. Ndani mlikuwa na risiti nne za kiwanja kimoja cha mita za mraba 600, alichonunua kwenye mradi wa upimaji wa halmashauri moja ya huku kwetu kandokando ya ziwa. Bei ilikuwa shilingi 6,000 kwa mita. Alilipa milioni 3.6 kwa awamu akamaliza. Alipokwenda kuulizia hati, akapewa namba mpya ya malipo: shilingi 900 zaidi kwa kila mita, jumla 540,000, "gharama za miundombinu". Asipolipa, hati haitoki.

"Mwanangu," akaniuliza, "mimi nikishauza ndoo ya dagaa, naweza kumfuata mteja kwake nikamwambia petroli ya mtumbwi imepanda?"

Swali zuri, ila lina kasoro moja. Dagaa anauzwa akiwa tayari ndani ya ndoo, na kiwanja cha mradi huuzwa kabla hakijaiva. Halmashauri nyingi zimeendesha kazi ya kupanga, kupima na kumilikisha, ile KKK, kwa mkopo usio na riba kutoka Wizara ya Ardhi: wanakopa, wanafidia wenye mashamba, wanapima, wanauza, wanarejesha. Fidia yenyewe haitulii. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka iwe kamili, ya haki na ya haraka. Kanuni za 2001 zinaweka riba malipo yakichelewa zaidi ya miezi sita. Na Sheria ya Uthamini ya 2016 inataka uthamini urudiwe kama miaka miwili imepita fidia haijalipwa. Ongeza na ardhi ya Mwanza yenyewe. Greda linaanza kuchonga barabara asubuhi, saa nne linagonga jabali, na bajeti ya kilomita nzima inaishia pale.

Kuna hoja nyingine ambayo wanunuzi hawapendi kuisikia. Kama halmashauri haitaipata hela hiyo kutoka kwao, itaitoa wapi? Itatoka kwenye ushuru wa masoko na leseni. Kwa maneno mengine, mpangaji wa Mabatini au Igogo, anayepanda na ndoo ya maji kichwani katikati ya mawe, atachangia barabara ya mwenye kiwanja kilichopimwa. Hilo si jambo la kupuuza.

Hata hivyo, gharama kupanda ni jambo moja, na haki ya kumdai aliyekwisha lipa ni jambo lingine. Hapa ndipo ningependa halmashauri ichague upande. Ikisema shilingi 900 ni sehemu ya bei, basi tunaongelea mkataba, na mkataba haubadilishwi na mtu mmoja peke yake. Ikisema ni tozo, basi ituonyeshe sheria, au sheria ndogo iliyopitishwa na madiwani na kutangazwa kwenye Gazeti la Serikali. Ibara ya 138 ya Katiba haiachi nafasi ya kutoza kodi kwa barua ya ofisi. Nilichokiona mimi ni nyongeza inayoitwa bei mbele ya mwanasheria na tozo mbele ya mhasibu.

Mara nyingi jibu la halmashauri ni kile kisentensi cha chini kwenye fomu: "bei inaweza kubadilika." Ibadilike kwa sababu gani, kwa kipimo gani, mpaka lini? Sheria ya Mikataba, Sura 345, inabatilisha makubaliano ambayo maana yake haijulikani wala haiwezi kujulikana. Sisemi kila fomu ya namna hiyo itaanguka mahakamani. Nasema ni mti mwembamba kuuegemea.

Wahindi wameupitia ugomvi huu kwa muda mrefu. Katika jimbo la Haryana, barua za mgao wa viwanja vya mamlaka ya uendelezaji miji zilieleza wazi kuwa bei ni ya muda, na kwamba mahakama ikiwaongezea fidia wenye mashamba, tofauti italipwa na wenye viwanja. Kesi hazikuisha kwa sababu hiyo. Watu waligombania hesabu na riba. Lakini angalau kulikuwa na hukumu ya kushika mkononi, na sababu iliyotajwa mapema.

Kwa hiyo mimi nisingeziweka nyongeza zote kapu moja. Bikoni, yale mawe ya mipaka, zikihakikiwa na kiwanja cha 600 kikaonekana ni 640, lipia hizo 40, huna kesi. Fidia ikipandishwa na uthamini mpya na mkataba ulikuonya, nung'unika halafu ulipe, isipokuwa uthamini umerudiwa kwa sababu halmashauri yenyewe ilikalia malipo. Barabara je? Barabara ilikuwa kwenye ramani ya mchoro siku bei inapangwa. Jabali nalo lilikuwepo. Hapo namuunga mkono mama wa dagaa.

Tatizo ni kwamba kumuunga mkono hakumfikishi mbali. Tangu marekebisho ya 2020 ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, anayeishtaki halmashauri anatakiwa kutoa notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na afungue shauri Mahakama Kuu. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambako angeweza kwenda na mfuko wake wa nailoni akajieleza, halimhusu tena. Serikali ina sababu zake: fedha za umma zilikuwa zinapotea kwenye kesi ambazo hazikutetewa ipasavyo. Ila kwa dai la 540,000, wakili peke yake anaweza kuzidi deni. Njia iliyobaki ni wenye viwanja kuungana na kuomba kibali cha shauri la uwakilishi, unaoruhusiwa na Sheria ya Mwenendo wa Madai, na kugawana gharama.

Mama alilipa. Anataka hati, mwanawe anataka kuanza msingi kabla ya mvua. Lakini kabla ya kwenda benki aliandika barua ya mistari mitano, kwamba analipa huku akipinga na anahifadhi haki ya kudai, akaipeleka masjala. Karani alisita, akaisoma mara mbili, akamuuliza nani amemwandikia. Kisha akaigonga muhuri. Nakala yake sasa ni karatasi ya tano ndani ya ule mfuko.