Ken Adam: kuijenga mandhari au kuitafuta?

Ken Adam, mbunifu wa mandhari ya filamu aliyezaliwa Berlin mwaka 1921 na kufariki London mwaka 2016, alipata tuzo mbili za Oscar, na zote mbili alizipata kwa filamu ambazo sehemu kubwa ya mandhari yake hakuijenga. Barry Lyndon ya mwaka 1975 na The Madness of King George ya mwaka 1994 zilipigwa zaidi ndani ya majumba ya kale yaliyokuwapo karne nyingi kabla yake. Ile volkano yenye maficho ya roketi ndani, aliyoijenga katika studio za Pinewood kwa ajili ya filamu ya kijasusi ya James Bond, You Only Live Twice (1967), na ambayo peke yake iligharimu takribani dola milioni 1, kiasi kinachokaribia bajeti nzima ya filamu ya kwanza ya James Bond, haikumpa hata uteuzi wa tuzo hiyo. Hata hivyo, likitajwa jina la Adam leo, inayokumbukwa ni volkano.

Wanaopendelea mahali halisi wana hoja nzito. Stanley Kubrick, mwongozaji wa Barry Lyndon, alitaka vyumba vya karne ya 18 vyenyewe, na baadhi ya matukio ya usiku akayapiga kwa mwanga wa mishumaa, akitumia lenzi za Zeiss zilizotengenezwa kwa ajili ya NASA, shirika la anga za juu la Marekani. Chini ya mwanga wa namna hiyo, ukuta wa zamani huonyesha uzee wake bila kusaidiwa, ilhali ukuta wa mbao na plasta uliopakwa rangi juzi unaweza kuumbuka. Sisi tuliozoea filamu za Kibongo zinazopigwa katika nyumba za kukodi tunajua pia upande wa pili wa jambo hilo: nyumba ya kweli huja na makochi, mapazia na ladha ya mwenye nyumba, na hadithi ya mwandishi hulazimika kukaa humo kama mgeni.

Tena kutafuta si kazi nyepesi kuliko kujenga. Adam alizoea kuchora kwa kalamu nene na kuwaachia mafundi wakiinue alichokichora. Katika Barry Lyndon alitakiwa kuzunguka akitafuta chumba huku na ngazi kule, ili majumba mbalimbali yaonekane kuwa jumba moja, na kila pendekezo lake likichunguzwa upya na mwongozaji asiyeridhika upesi. Shinikizo hilo lilimvunja; aliugua akili na kuiacha kazi kabla haijakamilika. Oscar ya kwanza ilitokana na kazi hiyohiyo.

Kwa upande wa kujenga, kuna Fort Knox, hazina ya dhahabu ya serikali ya Marekani, katika filamu ya Bond iitwayo Goldfinger (1964). Adam hakuruhusiwa kuingia humo, kwa hiyo aliibuni: dhahabu imepangwa nyuma ya nondo, ngazi juu ya ngazi, kama mahabusu ya gereza. Ni uongo, kwa kuwa uzito wa dhahabu hauruhusu kuirundika hadi kimo kile, lakini ni uongo unaomwonyesha mtazamaji tamaa ya mhusika, jambo ambalo chumba halisi cha kuhifadhia dhahabu kisingeliweza. Kasoro ya njia hii nayo iko wazi. Katika baadhi ya filamu za Bond, jengo limekuwa kubwa kiasi kwamba waigizaji wanaonekana kama wapita njia, na mtu hutoka akiwa amesahau walichosema.

Kwa maoni yangu, kipimo kinachofaa ni kama mandhari inamsaidia mwigizaji kutenda, iwe imejengwa au imetafutwa. Hapo ndipo Chumba cha Vita cha Dr. Strangelove (1964), filamu nyingine ya Kubrick, inayokejeli vita vya nyuklia, chumba kilichojengwa katika studio za Shepperton, kinaposhinda volkano. Juu ya meza kubwa ya duara Adam alining'iniza duara la taa, na taa hizo ndizo zilizowamulika walioketi, sehemu nyingine ya chumba ikazama gizani. Mandhari na mwanga vikawa kitu kimoja. Kubrick aliagiza pia meza ifunikwe kitambaa cha kijani, kama meza ya kamari, ili wanasiasa na majenerali wale wajihisi wanacheza karata kwa maisha ya dunia. Filamu ilikuwa ya nyeusi na nyeupe. Kijani kile hakuna mtazamaji aliyekiona. Waliokiona ni waigizaji.